Je, wajua kwa nini injekta moja (kile kifaa cha umeme kinachopuliza mafuta kwenye injini) inatosha kulisha silinda nne, na kwa nini mafundi wengi wanakimbilia kuing'oa?

Kuna siku nilifungua boneti mbele ya fundi, gari ni Golf 2 ya mwaka 1990, injini 1.8 ile yenye msimbo RP. Akatoa bakuli la eya klina, akachungulia, akaniambia "bosi hii kabureta imechoka, niachie niisafishe". Nikamwambia hapana kaka, hebu angalia pale katikati, unaona soketi ya nyaya? Akainama tena, akanyamaza. Na wala simlaumu, maana kile kitu kwa nje kimefanana na kabureta kama mapacha, kimekaa palepale kabureta ingekaa, kina kilango cha hewa kinachofunguka ukikanyaga mafuta, ila ndani hakuna boya, hakuna jeti, kuna injekta moja tu imesimama wima inatazama chini.

Bosch waliuita mfumo huu Mono-Jetronic. Gari zenye mfumo wa aina hii zilikuwa nyingi mwishoni mwa miaka ya 1980 mpaka katikati ya 1990, VW Golf na Passat, Mini za Rover, baadhi ya Suzuki Vitara za mwanzo, na Marekani General Motors walikuwa na wa kwao. Majina tofauti, wazo ni lilelile: injekta moja juu, silinda zote zinagawana kinachotoka.

Sasa inawezekanaje moja ilishe nne? Jibu ni kasi. Kila plagi moja inapopiga cheche, injekta inafunguka mara moja. Injini ya silinda nne ikiwa kwenye mizunguko 3,000 kwa dakika inapiga cheche 6,000 kwa dakika, yaani 100 kwa sekunde, kwa hiyo injekta inafunguka na kufunga mara 100 ndani ya sekunde moja. Ukifika mizunguko 6,000 ni mara 200. Na presha ya mafuta wala sio kubwa, ni kama bar 1 tu, nusu ya upepo wa tairi lako. Pampu iko ndani ya tangi, mafuta yanakuja yanazunguka kwenye injekta, yasiyotumika yanarudi tangini muda wote, na huo mzunguko ndio unaoipoza injekta isichemshe mafuta kwenye foleni ya Dar saa nane mchana.

Ukitaka kuiona kwa macho, toa eya klina, washa gari, chukua taa ya taimingi, ifunge kwenye waya wa plagi namba moja kama kawaida halafu mulika pale kwenye injekta badala ya kumulika puli. Kwa vile taa inawaka sambamba na cheche utaona mafuta kama yamesimama hewani, koni moja safi imefunguka kama mwavuli, inaangukia kwenye kinafasi kile chembamba chenye umbo la mwezi mchanga kati ya kilango na ukuta. Koni ikiwa imepinda upande, au kuna matone mazito yanadondoka pembeni, hapo umeshapata jibu bila kumlipa mtu hata shilingi. (Fanya nje, pasiwe na mtu anavuta sigara, na waya za plagi ziwe nzima, mvuke wa petroli sio wa kuchezea.)

Kwa nini walitengeneza hivi badala ya kuweka injekta nne moja kwa moja? Masega. Masega kwenye eksozi, yale yanayosafisha moshi, yanafanya kazi vizuri pale tu mchanganyiko unapokuwa karibu sana na kilo 14.7 za hewa kwa kilo moja ya petroli, na kabureta ya kawaida haiwezi kushikilia hapo, inapita juu inapita chini. Ulaya sheria ya moshi ikabana, gari mpya zote kuanzia 1993 zikawa hazina namna bila masega, na wenye viwanda walikuwa na gari za bei nafuu ambazo manifoldi yake (mabomba yanayogawa hewa na mafuta kwa silinda) ilishachorwa kwa ajili ya kabureta. Wakatoa kabureta, wakaweka kitu hiki palepale, injekta moja badala ya nne, gharama ndogo, sheria ikatimizwa. Ndio maana ulidumu miaka michache tu, viwango vilipokaza zaidi kuanzia 1996 ukaanza kupotea.

Na hapa ndio pa kuelewa vizuri, maana matatizo mengi yanaanzia hapa: Mono-Jetronic haipimi hewa. Hakuna kile kipimo cha hewa ambacho mafundi wamekizoea kwenye Toyota. Kompyuta inaangalia vitu viwili tu, kilango kimefunguka nyuzi ngapi na injini inazunguka kasi gani, kisha inaenda kwenye jedwali lake lenye visanduku 225, nafasi 15 za kilango mara 15 za kasi, inasoma pale kwamba kwa hali hii fungua injekta kwa muda kadhaa. Yaani inakisia. Joto la maji na joto la hewa vinasahihisha kidogo, halafu sensa ya oksijeni kwenye eksozi ndio inaiambia hapo umezidisha, hapo umepunguza, na kompyuta inajifunza.

Fikiria sasa unatoka Dar kwenda Iringa. Dar uko usawa wa bahari, ukishamaliza mlima Kitonga ukaingia Iringa mjini uko zaidi ya mita 1,500 na hewa imepungua uzito kama asilimia 14. Kilango kimefunguka vilevile, kasi ileile, jedwali linasema mwaga mafuta yaleyale ya Dar. Anayeokoa hapo ni sensa ya oksijeni peke yake. Kama imekufa au waya wake umekatika utapanda mlima na gari nzito, plagi zinakuja nyeusi, eksozi inanuka petroli, na ukirudi pwani gari inakaa sawa yenyewe, fundi anaambulia kushangaa kwamba "mbona haina shida". Na nyingi za gari hizi zilizofika kwetu mapema sensa zake zilikufa zamani sana, maana risasi kwenye petroli inaua sensa ya oksijeni na masega, na Afrika kusini mwa Sahara petroli ya risasi tuliachana nayo mwanzoni mwa 2006. Kwa hiyo kama gari yako ilikuwa barabarani kabla ya hapo na sensa haijawahi kubadilishwa, anza kuitilia shaka hiyo.

Udhaifu mwingine ambao huwezi kuutengeneza, ni wa kuzaliwa nao: mafuta ni mazito kuliko hewa. Yakishapita kilango yanatakiwa yakate kona kwenye manifoldi mpaka silinda ya mwisho, mengine yanagandia ukutani, kwa hiyo silinda hazipati sawasawa kabisa. Usishtuke rangi za plagi zikitofautiana kidogo. Asubuhi ya baridi inakuwa mbaya zaidi, ndio maana chini ya throto (ule mwili wenye kilango na injekta) ndani ya manifoldi kuna kipasha joto cha umeme chenye miba miba, Wajerumani wanakiita kalunguyeye na ukikiona utakubali. Dar hutamkumbuka kalunguyeye. Mafinga au Njombe mwezi wa saba, akiwa amekufa gari itawaka ila ukikanyaga tu inakohoa mpaka ipate moto.

Haya tuje kwenye kuitunza. Ukisikia sailensi (mzunguko wa injini usipokanyaga mafuta) inapanda inashuka, au imekwama mizunguko 1,500 wakati inatakiwa kama 800 hadi 900, usiguse kitu kingine kabla hujaangalia mpira ulioko kati ya throto na manifoldi. Ni mpira umegandishwa na chuma, miaka 30 ya joto na mvuke wa petroli unapasuka kwa chini ambako huoni. Shika throto kwa mkono uitikise, mpira mzima unanesa kidogo ila haufunguki, uliopasuka unauona mdomo unaachama. Hewa inayoingia pale haijapita kwenye kilango, na kompyuta inahesabu kilango tu, kwa hiyo hesabu yote inaharibika. Nimeona watu wamebadilisha kompyuta ya gari kwa sababu ya mpira. Silikoni ya bomba usipake, petroli inailainisha inaingia ndani, tafuta mpira wenyewe.

Kinachofuata ni potenshiometa, kile kisensa pembeni ya throto kinachosema kilango kiko wapi. Ndani kina njia mbili za kaboni, moja inasoma nyuzi 0 mpaka 24, nyingine 18 mpaka 90, na ile ya kwanza ndio inaliwa mapema kwa sababu maisha ya gari mjini yote yako pale. Dalili yake gari inastuka stuka ukienda mwendo mdogo wa kutulia, ukikanyaga zaidi inaacha. Pima kwa mita ya mshale na sio ya namba, fungua kilango taratibu sana, mshale unatakiwa upande bila kuruka, ukidondoka ghafla halafu ukarudi basi pale pamelika. Naomba sana, zile skrubu zake nne usizifungue. Kilirekebishwa kiwandani pamoja na throto yake, Bosch hawakukiuza peke yake, na ukishakisogeza hata kidogo hakuna gereji mtaani yenye uwezo wa kukirudisha pale pale. Ninaandika hivi kwa uchungu, gari nzuri kabisa zimeharibiwa na hizo skrubu.

Yangu mimi ilikuwa kitu kidogo zaidi. Gari ilianza kula mafuta na kutoa moshi mweusi, gereji moja ikaniambia mfumo umekufa, tuweke kabureta, laki kadhaa. Nikaomba siku mbili. Sensa ya joto la maji, ile ya bluu, ikiwa baridi ya nyuzi 20 inasoma kama omu 2,500, injini ikishapata moto wa nyuzi 80 inashuka mpaka kama omu 300. Nikapima kwenye sensa injini ikiwa ya moto, 300 na kitu, safi. Nikapima tena kule mwisho wa waya kwenye soketi ya kompyuta, omu 1,900! Kumbe pini ya soketi ya sensa imeota kutu ya kijani, kutu yenyewe imeongeza omu 1,600 njiani, kompyuta inaamini injini haijapata moto kila saa kwa hiyo inamwaga mafuta kama ya kuamkia. Msasa mdogo, dawa ya kusafishia nyaya, soketi mpya ya Gerezani (kule Dar kwenye maduka ya spea), moshi ukaisha jioni ileile. Ndio maana nasema pima pande zote mbili za waya, sensa peke yake haitoshi.

Mengine ya kawaida ni filta ya mafuta, oringi mbili za injekta zisiwe ngumu kama plastiki, na presha. Ukibadilisha pampu usikubali "hii ni kali zaidi", pampu ya bar 3 ikisukuma kwenye mfumo wa bar 1 kazi yote inamwangukia regyuleta (kirekebisha presha) kurudisha ziada, na njia ya kurudi ikiwa nyembamba au imebanwa presha inapanda na gari inakunywa.

Na kuiboresha je? Kuweka kabureta sio kuboresha, unarudi nyuma, na ukishakata nyaya kurudi tena ni shughuli. Wengine wanatamani mfumo wa injekta nne wa Golf GTI wa zama hizo, hosipawa 112 dhidi ya 90, wanadhani tofauti ni injekta. Hapana, ile injini mgandamizo wake ni 10 kwa 1 na hii ni 9 kwa 1, na kemshafti ni nyingine, ukihamisha injekta na manifoldi peke yake utapata gari inayovuta laini na kugawa mafuta sawasawa, ambayo ni faida kweli, lakini hosipawa zote 22 hutaziona. Ujue pia utahitaji pampu ya presha kubwa na mipira inayohimili, ile ya bar 1 haitamudu.

Njia ninayoipenda ni kompyuta za kujipangia mwenyewe kama MegaSquirt au Speeduino, unaacha injekta moja kwanza, unaongeza sensa ya presha ya manifoldi ili gari ipime mzigo badala ya kukisia, Kitonga haikusumbui tena, halafu ukiwa na hela unahamia injekta nne. Tahadhari moja: injekta hii ina omu 1.2 mpaka 1.6 tu, gawanya volti 12 kwa 1.4 unapata zaidi ya ampia 8, kompyuta isiyoandaliwa kwa injekta ya aina hiyo inaungua siku ya kwanza, kwa hiyo weka rezista ya nguvu kwenye laini au tumia yenye saketi ya kubana ampia. Na nunua sensa ya oksijeni ile ya wigo mpana yenye saa ya namba, bila hiyo unapanga mafuta kwa kunusa.

Ukifika huko, throto ya zamani usimwachie fundi aitupe kwenye chuma chakavu. Isafishe, ifunge kwenye mfuko, iweke stoo na potenshiometa yake ikiwa haijaguswa, maana kuna mwenzako Moshi au Mbeya anaitafuta hiyohiyo.