Je, wajua kwa nini UPS yenye taa ya kijani huzimika umeme unapokatika?

UPS, kile kisanduku chenye betri kinachoibeba kompyuta umeme unapokatika, imechomekwa miaka mitatu, taa yake ya kijani inawaka, haijawahi kuleta shida. Umeme unapokatika, inalia mara moja na kuzimika, na kompyuta inazimika papo hapo. Wengi husema imeungua. Mara nyingi haijaungua. Kilichokufa ni betri, na huenda ilikufa miezi kadhaa nyuma. Taa ile huonyesha tu kwamba umeme wa ukutani upo na unafika kwenye kompyuta. Katika UPS nyingi ndogo, za VA (volti-ampea, kipimo cha ukubwa wa UPS) 600 hadi 1500, umeme huo hupita karibu moja kwa moja, huku betri ikikaa pembeni ikichajiwa tu mpaka ihitajiwe.

Betri yenyewe ni ya risasi na asidi, mzao wa ile aliyoibuni Mfaransa Gaston Planté mwaka 1859, ila hii imefungwa na asidi yake imenyonywa na mkeka wa nyuzi za kioo ili isimwagike. Iliyozoeleka ni ya volti 12 na Ah (ampea-saa, kipimo cha ujazo wa betri) 7: seli sita za volti 2 kila moja, zilizoungwa mfululizo. UPS kubwa kidogo huwa na betri mbili, jumla volti 24. Chaja huishikilia kila betri kwenye volti 13.5 hadi 13.8 usiku na mchana.

Hapo ndipo hata mafundi hudanganyika. Ukiipima betri kwa mita bila mzigo, hata iliyochoka inaweza kuonyesha volti 12.7 kama mpya. Volti hazijabadilika, kilichobadilika ni ukinzani wa ndani, yaani jinsi betri yenyewe inavyouzuia umeme kupita. Betri nzima ya Ah 7 huwa na ukinzani wa takriban ohmu 0.025. Sasa chukua kompyuta na skrini yake vinavyokula wati 300. Inveta, sehemu ya UPS inayogeuza umeme wa betri uwe kama wa ukutani, nayo hupoteza kiasi, hivyo betri inatakiwa kutoa kama wati 350, yaani karibu ampea 29. Ampea hizo zikipita kwenye ohmu 0.025 hupotea volti 0.7 tu: betri inashuka hadi 12.0 na kazi inaendelea. Ukinzani ukiwa umepanda hadi ohmu 0.1, hupotea volti 2.9, na betri inaanguka hadi 9.8. UPS nyingi zimepangwa kukata betri inaposhuka karibu na volti 10, ili isiharibike zaidi. Kwa hiyo inakata, palepale. Betri hiyohiyo ukiipa rauta ya wati 10 itaibeba vizuri tu, na mwenye nayo ataapa kwamba ni nzima.

Kinachopandisha ukinzani kwanza ni joto. Nyavu za risasi zinazoshikilia bamba chanya huliwa polepole na kutu, na maji ya asidi hupungua kidogo kidogo kupitia vali. Joto huharakisha yote mawili. Kanuni ya wenye kazi hii ni kwamba kila nyuzi 10 za Selsiasi juu ya 25 hupunguza umri wa betri kwa nusu. Betri ya kukaa miaka mitano kwenye nyuzi 25 itakaa miwili na nusu kwenye 35, na ndani ya kabati lisilopitisha hewa nyuzi 35 si nyingi. Sababu ya pili ni kuiacha ikiwa imeisha chaji: fuwele za salfeti ya risasi huota juu ya bamba, zikikomaa hazirudi tena. Ndiyo maana UPS iliyowekwa stoo inapaswa kuchajiwa angalau kila miezi sita, na ile iliyotumika hadi ikazima isikae hivyo siku kadhaa.

Kipimo cha kuaminika ni mzigo. Acha UPS ichaji saa nane au zaidi. Ondoa kompyuta, weka balbu ya zamani ya waya au kifaa kingine kisicho na data, chenye wati zinazokaribia za kompyuta yako. Kisha zima swichi ya soketi ukutani. Usichomoe plagi, kwa sababu ukichomoa unakata na waya wa ardhi. Hesabu dakika, uziandike. Rudia kila baada ya miezi sita. Muda ukishuka chini ya nusu ya ule wa betri mpya, badilisha, hata kama bado inabeba. UPS nyingi zina kitufe cha kujipima, lakini jaribio lake la sekunde chache huwagundua wagonjwa mahututi tu.

Usitarajie makubwa hata kwa betri mpya. Ile Ah 7 hupimwa kwa kutolewa polepole kwa saa 20, yaani ampea 0.35. Ukivuta ampea 29 huipati yote: dakika nne au tano, basi. Zinatosha kuhifadhi kazi na kuzima kwa utaratibu, kwa hiyo unganisha waya wa USB na uipange kompyuta ijizime yenyewe mapema. Printa ya leza isiwekwe kwenye UPS kabisa. Hita yake huvuta mamia ya wati kwa mkupuo. Angalia pia wati, si VA pekee: UPS ya VA 650 mara nyingi haibebi hata wati 400.

Kubadilisha betri si kazi ngumu. Zima UPS, ichomoe, vua pete na saa ya chuma. Toa waya mweusi kwanza, halafu mwekundu. Unaporudisha, anza na mwekundu. Cheche ndogo wakati wa kuunga ni ya kawaida. Kabla ya kununua, pima upana wa vichwa vya betri, kwani vipo vya milimita 4.8 na vya 6.35, na klipu isiyokaza hupata moto. Zikiwa mbili, badilisha zote, maana iliyochoka itaivuta mpya chini. Andika tarehe kwa kalamu ya wino mzito juu ya betri na nje ya UPS. Iliyovimba usiilazimishe kutoka kwa bisibisi. Fungua kasha lote. Ile ya zamani ipeleke kwa wanaoyeyusha risasi kwa utaratibu unaokubalika, isitupwe jalalani.

Ikiwa betri ni mpya, balbu inawaka vizuri, lakini kompyuta bado inazimika, geukia pawasaplai ya kompyuta, yaani kile kisanduku cha ndani kinachoigawia umeme. UPS ndogo huchukua kama milisekunde 4 hadi 10 kuhamia kwenye betri, na pawasaplai nzima inaweza kuvumilia takriban milisekunde 16 bila umeme kwa chaji iliyo kwenye kapasita zake, vipande vinavyohifadhi umeme kwa muda mfupi. Kapasita zikizeeka, uvumilivu huo hupungua. Jaribu kompyuta nyingine kwenye UPS hiyohiyo. Ikibaki inawaka, pawasaplai ya ile ya kwanza ndiyo ya kubadilishwa.