Anayekuuliza bei ya karafuu si wakala wa chama wala wa kodi

Msimu huu wa karafuu, ofisi yetu ya utafiti chuoni inapigiwa simu na masheha wa Pemba na wa pwani ya mashariki ya Unguja mara nyingi kuliko ilivyozoeleka. Swali ni lile lile: huyu kijana aliyekuja na dodoso, akauliza nani ananunua, kwa bei gani, na nani amekukopesha, katumwa na nani?

Katumwa na kazi yake. Ni mhadhiri, au yuko njiani kuwa mhadhiri, wa uchumi-siasa wa kimataifa. Neno "siasa" hapo halina uhusiano na kampeni za uchaguzi. Fani hii inachunguza nani mwenye nguvu ya kupanga bei, sarafu na mikopo inayovuka mipaka, na hasara ikitokea inamwangukia nani. Ilipata nguvu katika vyuo vya Uingereza na Marekani miaka ya 1970, baada ya Marekani kuacha kubadilisha dola kwa dhahabu mwaka 1971 na bei ya mafuta kupanda ghafla mwaka 1973. Susan Strange, aliyekuwa mwandishi wa habari kabla ya kushika uprofesa London, aliandika mwaka 1970 kwamba wachumi na wataalamu wa uhusiano wa kimataifa wanapuuzana, ilhali mambo wanayoyachunguza yamefungamana.

Zanzibar hatuhitaji kwenda mbali kuliona hilo. Mkulima wa Wete anauza karafuu kwa shirika la serikali, kwa bei iliyotangazwa na serikali. Lakini kwa miaka mingi mnunuzi mkubwa wa karafuu zetu alikuwa Indonesia, ambako hutiwa kwenye sigara za kretek. Indonesia ilipopanda mikarafuu yake na kujitosheleza, bei ya dunia iliporomoka miaka ya 1980, na Pemba iliumia kwa uamuzi ambao hakuna Mpemba aliyeulizwa. Mwani nao, uliolimwa kibiashara tangu 1989 Paje na Jambiani, wengi wa wakulima wake ni wanawake wanaowauzia wanunuzi wachache, na thamani kubwa inapatikana nje, unapotolewa karajinani, kitu cha kuzifanya dawa ya meno na aiskrimu ziwe nzito. Mtafiti anayekuja kwako, Bi Mkubwa, anataka kujua mnyororo huo unakatika wapi. Jawabu lako lina uzito kuliko kitabu chochote alichobeba.

Kwa wazazi: kijana wenu akisoma fani hii hajaandaliwa kugombea jimbo. Tunaulizwa hivyo kila mahafali, na inachosha. Ngazi zake ni mkufunzi msaidizi, mhadhiri msaidizi, mhadhiri, mhadhiri mwandamizi, profesa mshiriki, kisha profesa. Kipimo cha kawaida cha kuingia ngazi ya chini ni wastani wa alama (GPA) wa 3.8 kwenye 5.0 katika shahada ya kwanza. Kuwa mhadhiri kunahitaji shahada ya uzamivu. Baada ya hapo, kila ngazi inadai miaka, kwa kawaida isiyopungua mitatu, pamoja na makala zilizopitiwa na wataalamu wengine kabla ya kuchapishwa. Kwa uprofesa, kazi zake hupelekwa kwa watathmini wa nje ya chuo. Makala iliyolipiwa katika jarida lisilopitia kazi haihesabiwi. Udaktari wa heshima nao hauhesabiwi, narudia, hata ukitolewa kwa sherehe kubwa namna gani. Aliyesoma nje ya nchi apeleke vyeti Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania (TCU) vitambuliwe kabla ya kuomba kazi, si baada ya kuitwa kwenye usaili, maana elimu ya juu ni jambo la Muungano na vyuo vya Zanzibar navyo vinahusika.

Sasa utaratibu wa uwandani. Mtafiti anapaswa kuwa na kibali cha utafiti cha Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar. Kibali cha COSTECH, yaani Tume ya Sayansi na Teknolojia ya Tanzania, peke yake hakitoshi huku. Kwa kibali hicho anaripoti mkoani, kisha wilayani, kisha kwa sheha, na kila mahali anaacha nakala. Sheha asome jina, mada na tarehe ya mwisho. Kibali kilichokwisha muda si kibali. Mtafiti akuombe ridhaa kabla ya swali la kwanza, akueleze kuwa unaweza kukataa, na asiandike jina lako bila ruhusa. Hana haki ya kukuomba namba ya kitambulisho wala kukuahidi mkopo.

Kwetu chuoni, takwimu zilizokusanywa bila kibali hazikubaliwi katika tasnifu, na mwanafunzi hurudia kazi. Aliyebuni majibu au kunakili kazi ya mwenzake hupelekwa kamati ya nidhamu, na shahada inaweza kufutwa hata miaka baada ya mahafali. Kughushi cheti ni kosa la jinai na hukabidhiwa polisi.

Bibi mmoja wa Jambiani aliniambia amehojiwa na watu wanne kuhusu mwani na hakuna aliyerudi kumwambia walichokiona. Hilo ni kosa letu, na nimeona haya kulisikia. Tangu hapo, kila anayepitia ofisi yangu anaandika kwenye ombi lake tarehe atakayorudi shehiani kusoma matokeo kwa Kiswahili. Masheha, mtu asiporudi tarehe hiyo, tupigieni simu, mkiwa na nakala ya kibali mkononi.