Kwa nini Unguja ni "skuli" na Bara ni "shule"?

Ukishuka boti Unguja asubuhi ya Jumatatu, watoto unaopishana nao njiani wanakwenda skuli. Vuka bahari urudi Dar es Salaam, watoto wa rika hilohilo wanakwenda shule. Sababu ya karibu wengi wanaijua: skuli tumeipata kwa Waingereza, shule kwa Wajerumani. Lakini Waingereza na Wajerumani nao hawakulitunga neno hilo. Wote wawili walilitoa kwenye "schola" ya Kilatini. Basi ile k, ambayo Mwingereza anaitamka mpaka leo, kwa Mjerumani ilikwenda wapi?

Tuanzie nyumbani kwanza. Mtu wa Mombasa mwenye Kimvita chake husema mato, Mwunguja husema macho. Mtele, mchele. Mtanga, mchanga. Kuteka, kucheka. Hakuna wazee waliokaa barazani wakapanga iwe hivyo, na bado mpangilio upo: katika maneno mengi ya asili, palipo na ch ya Kiunguja, Kimvita kina t. Vivyo hivyo njia ni ndia na njaa ni ndaa. Ukishaishika kanuni hiyo unaweza kubahatisha hata neno ambalo hujapata kulisikia. Kuchinja kwa Kimvita ni nini? Ch itakuwa t, nj itakuwa nd: kutinda. Umepatia. Lakini chai haiwi "tai" popote pwani, kwa kuwa ni neno la kuja, na lilipofika mabadiliko hayo yalikuwa yamekwisha pita. Shika mambo hayo mawili, kanuni na neno mgeni, maana ndiyo yatakayotupitisha Ulaya.

Takriban miaka 500 kabla ya Kristo, kusini mwa Skandinavia na kaskazini mwa nchi tunayoiita leo Ujerumani, waliishi watu waliozungumza lugha ambayo wataalamu huiita Kigermaniki cha awali. Hawakuacha kitabu hata kimoja. Tunaijua lugha yao kwa kuwalinganisha wajukuu zake: Kiingereza, Kijerumani, Kiholanzi, Kifrisia, Kideni, Kiswidi, Kinorwe, Kiaislandi na Kiafrikana cha Afrika Kusini. Tunaijua pia kwa maneno waliyoazimwa majirani. Wafini, ambao lugha yao si ya ukoo huu kabisa, humwita mfalme "kuningas". Mwingereza amelikata neno hilo likabaki "king", Mjerumani ana "König", lakini Mfini amelitunza karibu lilivyokuwa siku alipoliazima.

Yapo pia maandishi machache. Linalonigusa kuliko yote liliandikwa juu ya pembe ya dhahabu iliyopatikana mwaka 1734 huko Gallehus, kusini mwa Denmark, karibu na mahali ambapo binti mmoja alikuwa ameokota pembe nyingine ya dhahabu mwaka 1639. Kwenye ukingo wake fundi alichonga kwa runi, herufi za kale za Wagermaniki, miaka ya 400 hivi baada ya Kristo: "ek hlewagastiz holtijaz horna tawido". Yaani, mimi Hlewagastiz wa Holti nimeitengeneza pembe hii. Mwaka 1802 sonara aitwaye Niels Heidenreich aliziiba pembe zote mbili Copenhagen akaziyeyusha, tukabaki na michoro iliyokuwa imechorwa kabla. Sauti ya yule fundi hata hivyo haikuyeyuka. Neno lake la kwanza, ek, "mimi", ndilo hilohilo Mwafrikana wa Cape hulisema leo: ek. Limefika huko kwa njia ya Waholanzi waliotia nanga mwaka 1652.

Sasa tazama neno horna. Mwingereza na Mjerumani husema "horn". Kilatini ni binamu wa lugha hizi katika ukoo mkubwa wa Kihindi-Kiulaya, na pembe kwa Kilatini ni "cornu". Kule k, huku h. Mia kwa Kilatini ni "centum", ambayo Warumi waliitamka kentum, na kwa Kiingereza ni "hundred". K na h tena. Baba ni "pater" na "father", samaki ni "piscis" na "fish": p imekuwa f. Tatu ni "tres" na "three": t imekuwa th, ile yetu ya thelathini. Mbili ni "duo" na "two", kumi ni "decem" na "ten": d imekuwa t. Goti ni "genu" na "knee", ambayo k yake Mwingereza ameacha kuitamka ila Mjerumani bado anaitamka katika "Knie": g imekuwa k. Angalia mzunguko wake. T ilipohama ikawa th, nafasi yake ilibaki wazi, na d ikaja kuijaza. Ni kama abiria kwenye benchi la daladala: wa mwisho akisogea, wote wanasogea.

Mdenmark Rasmus Rask aliyaona mengi ya haya katika andiko lake la mwaka 1818, na mwaka 1822 Jacob Grimm wa Ujerumani akayapanga yote kwa utaratibu mmoja. Ndiyo maana yanaitwa Kanuni ya Grimm. Ni Grimm yuleyule aliyekusanya hadithi pamoja na ndugu yake Wilhelm, zile za Cinderella na mbwa mwitu. Kwangu mimi kazi hii ya sauti ni kubwa kuliko hadithi zote walizokusanya.

Na yule mgeni wetu, chai? Kiingereza kinao wengi. Mguu ni "foot", kwa f kama kanuni inavyotaka. Lakini kile unachokikanyaga kwenye baiskeli ni "pedal", nasi tumekiita pedali. Mzizi ni mmoja, ule wa mguu kwa Kilatini, ila neno hili liliingia baadaye sana, p yake ikapona.

Kulikuwa na doa moja lililowasumbua wataalamu kwa miaka 50. Kama t huwa th, mbona Mjerumani ana "Bruder" kwa kaka, yenye d iliyotokana na th hiyo, lakini "Vater" kwa baba, wakati lugha za kale zina t kwenye maneno yote mawili? Majibu mengi yalikuwa ya kukata tamaa: kila kanuni ina vighairi. Karl Verner, Mdenmark kijana, hakuridhika. Mwaka 1875 alijilaza mchana, akachukua kitabu cha sarufi linganishi kimletee usingizi, macho yakaangukia maneno ya Kisanskriti, lugha ya kale ya India iliyo ya ukoo uleule wa Kihindi-Kiulaya: "pitár", baba, mkazo mwishoni, na "bhrā́tar", kaka, mkazo mwanzoni. Usingizi ukaruka. Sauti ile ililainika pale tu ambapo mkazo haukuitangulia moja kwa moja. Mkazo wenyewe katika lugha za Kigermaniki ulikuwa umekwisha hamia mwanzo wa neno, lakini alama yake ilibaki kwenye konsonanti, kama kovu la kidonda kilichopona. Kile kilichoitwa kighairi kikawa na kanuni yake.

Somo hilo lilifika mpaka huku. Mmisionari Edmund Dahl, aliyefanya kazi Unyamwezini, aligundua kanuni ya namna hiyo katika lugha za Kibantu, na Carl Meinhof, mtaalamu wa lugha wa Ujerumani, akaipa jina la Dahl. Kikuyu kinaionyesha vizuri: kiti ni gĩtĩ, kikombe ni gĩkombe. Kiambishi kĩ- hugeuka gĩ- kikifuatwa na konsonanti kama t au k.

Turudi Ulaya. Lugha ile ya awali iligawanyika matawi matatu. La mashariki limekufa lote. Lilikuwa na Kigothi, ambacho Askofu Wulfila alikitafsiria Biblia katika karne ya 4; nakala yake ya wino wa fedha na dhahabu juu ya ngozi ya zambarau iko Uppsala, Uswidi. Lilikuwa pia na lugha ya Wavandali, walioteka Carthage mwaka 439 wakatawala hadi 534. Yaani lugha ya Kigermaniki ilisikika katika Tunisia ya leo miaka zaidi ya elfu kabla ya Mholanzi kufika Cape. Tawi la kaskazini ndilo la Skandinavia. La magharibi lina Kiingereza, Kiholanzi na Kijerumani.

Katika tawi hilo la magharibi, kati ya karne ya 6 na ya 8 hivi, sauti zikahama mara ya pili, lakini upande wa kusini tu, kuanzia milima ya Alpi. P ikawa pf au f, t ikawa ts au s, k ikawa kh. Ndipo "water" ikawa "Wasser", "apple" ikawa "Apfel", "ten" ikawa "zehn", na "make" ya Mwingereza ikawa "machen". Wimbi hilo lilidhoofika kadiri lilivyopanda kaskazini. Wataalamu wamechora mpaka wake kwenye ramani, unaokatiza Benrath, mtaa wa Düsseldorf: kusini yake lahaja za jadi husema machen, kaskazini maken. Anayezungumza Kijerumani cha pwani ya kaskazini bado anaita maji water.

Neno linalonifurahisha zaidi hapa liko jikoni kwako. Pilipili ina asili ya India, kwenye "pippalī" ya Kisanskriti, nasi tumeipata kupitia Waajemi na Waarabu. Upande wa pili neno hilohilo lilikwenda kwa Wagiriki, kisha Warumi wakaliita "piper", wakawauzia Wagermaniki pamoja na biashara yenyewe. Mwingereza ana "pepper", p mbili zake salama. Mjerumani ana "Pfeffer": ya mwanzo imekuwa pf, ya katikati ff. Kwa hiyo tunajua kwamba pilipili ilikuwa imefika Ujerumani kabla ya sauti kuhama, kwa sababu ilihama nazo.

Imebaki ile k ya shule. Baada ya hayo yote, s na k zilipokaa pamoja ziliungana zikawa sh. Mjerumani wa kale aliandika "scuola", wajukuu zake wakasema "Schule". Mwingereza naye alifanya vivyo hivyo kwa maneno yake: "scip" ikawa "ship", "fisc" ikawa "fish", "scyrte" ikawa "shirt". Waskandinavia hawakuunganisha. Walipohamia Uingereza na mashua zao katika karne ya 9 walikuja na "skyrta" yao, vazi lilelile, Mwingereza akalipokea kama "skirt" na kulipa kazi nyingine. Kwa hiyo shati na sketi, unazozianika kamba moja, zilikuwa neno moja.

"School" ilinusurika kwa sababu Waingereza waliendelea kulisikia neno hilo kwa Kilatini kanisani na darasani, na Kilatini kikaishika k isiondoke. Mwaka 1890 Zanzibar iliwekwa chini ya himaya ya Uingereza, neno likaja na k yake. Mwaka 1892 Wajerumani walifungua shule ya serikali Tanga, na k yao ilikuwa imeyeyuka karne nyingi nyuma.