RNA fupi za kimelea cha malale si takataka

Majuzi nilikuwa Kasarani nikizungumza na wanafunzi wa kidato cha nne kuhusu Trypanosoma brucei, kimelea cha malale kinachoenezwa na mbung'o. Msichana mmoja akauliza: "Mwalimu, RNA isiyotengeneza protini ina kazi gani?" Jirani yake akamjibu kabla sijafungua mdomo: "Hiyo ni takataka tu." Nimelisikia jibu hilo hata kwa wenye shahada, na huniuma.

Bila hizo "takataka" kimelea hiki hufa. RNA ni nakala zinazotokana na DNA: nyingine ni ujumbe wa kutengeneza protini, nyingine hazitengenezi protini yoyote. Mwaka 1986 mtafiti Rob Benne na wenzake, Amsterdam, waliukuta ujumbe wa jeni moja ya mitokondria (sehemu ya seli inayozalisha nishati) ukiwa na U nne (U ni moja ya herufi za kemikali zinazounda RNA) ambazo hazimo kwenye DNA ya jeni hiyo. Zilitoka wapi? Jibu lilipatikana 1990: kuna RNA elekezi, fupi mno, za herufi 50 hadi 70 hivi. Hujipanga sambamba na ujumbe mbichi, na pale zisipolingana nao, U huongezwa au huondolewa. Ujumbe wa protini iitwayo COIII huongezewa U 547 na kupunguziwa 41. Zaidi ya nusu ya ujumbe uliokamilika haimo katika jeni yake! Kila nikizitaja tarakimu hizo darasani, mimi mwenyewe hushangaa upya.

Wengine husema RNA hizo ndizo zinazokata. Hapana. Mfikirie fundi cherehani anayetandaza karatasi ya kipimo juu ya kitambaa: karatasi huonyesha pa kukata, mkasi ndio unaokata. Hapa mkasi ni vimeng'enya. Kimoja hukata, kingine huongeza U, kingine huunga ncha.

Tena RNA elekezi zisichanganywe na ndugu zao wa kwenye nukleoli (sehemu iliyo ndani ya kiini cha seli), ambazo huelekeza mabadiliko ya RNA ya ribosomu, mtambo wa seli unaotengeneza protini. Za kundi la C/D huonyesha mahali pa kubandika methili, kipande kidogo cha kemikali. Za H/ACA huonyesha U ipi igeuzwe kuwa pseudouridini, yaani U iliyobadilishwa umbo. Herufi haiongezwi wala haiondolewi. Iliyopo hutiwa alama tu. Baadhi ya alama hizo huzidi kimelea kinapokuwa katika damu ya mnyama kuliko kinapokuwa ndani ya mbung'o, na watafiti wanadhani huisaidia ribosomu kustahimili badiliko la joto.

Je, ni mambo ya vimelea peke yao? Hizi za nukleoli tunazo hata sisi, kwa mamia, kwa hiyo dawa ya kuzishambulia ovyo ingetudhuru. Lakini ule uhariri wa U katika mitokondria binadamu hana, na ndiyo maana watafiti wa dawa wanauangalia kwa matumaini.

Dhana potofu inayonigusa zaidi ni kwamba hii ni sayansi ya ng'ambo. Jenomu (yaani DNA yote) ya T. brucei iliyochapishwa mwaka 2005 ilisomwa kutoka kwa kimelea kilichopatikana ndani ya mbung'o mwaka 1970, hapa hapa Kenya, huko Kiboko kwenye barabara ya Mombasa. Nilipolisema hilo, yule msichana aliyeuliza akainuka kitini: "Kiboko? Mwalimu, nyanya yangu anaishi Makindu, na bado anafuga ng'ombe."