Taifa si dola: kwa nini Tahiti na Kaledonia Mpya zina timu

Novemba 2025, kwenye Kombe la Dunia la vijana chini ya miaka 17 kule Qatar, Moroko iliifunga Kaledonia Mpya, visiwa vya bahari ya Pasifiki, mabao 16-0. Kesho yake jioni simu moja ilikuwa ikizunguka kijiweni kwetu, kutoka kwa mnywa kahawa huyu hadi yule, na kila aliyeishika alihesabu wafungaji kwa kidole. Kijana mmoja akauliza, "Kwani hii ni nchi gani?" Muuza kahawa akajibu, huku akimimina, kwamba hiyo si nchi, ni koloni la Mfaransa, kwa hiyo FIFA hawakupaswa kuiruhusu icheze. Mzee aliyekaa pembeni yake akamkatalia: kama si nchi, timu ya taifa imeipata wapi?

Wote wawili wamekosea, tena wamejikwaa kwenye jiwe moja. Kosa hilo nimelisikia redioni mara nyingi, na hata kwa watu wanaoujua mpira kunizidi.

Tuanze na mashindano yaliyowafikisha vijana hao Qatar, hayana maneno mengi. Ubingwa wa vijana wa Oceania ni mashindano ya timu za taifa za vijana za wanachama wa OFC, shirikisho la soka la Oceania lililoundwa mwaka 1966. Yapo ya rika la miaka 16 au 17 na yapo ya rika la miaka 19 au 20, na wanaofanya vizuri hukata tiketi ya Kombe la Dunia la rika lao. Zamani nafasi ilikuwa moja tu na mara nyingi iliishia kwa Australia au New Zealand. Australia ilihamia shirikisho la Asia mwaka 2006, nafasi nazo zikaongezwa baadaye. Mwaka 2025, kwa vijana chini ya miaka 17, walikwenda New Zealand, Kaledonia Mpya na Fiji. Wanachama wa OFC walio pia wanachama wa FIFA ni 11: hao watatu, Papua Guinea Mpya, Samoa, Samoa ya Marekani, Tahiti, Tonga, Vanuatu, Visiwa vya Cook na Visiwa vya Solomon. Kiribati na Tuvalu wamo OFC kama washirika tu.

Hayo ndiyo mashindano yenyewe. Tatizo letu liko kwenye hilo neno "taifa".

Taifa tumelipata kutoka Kiarabu. Huko *ta'ifa* ni kundi, watu waliokusanyika kuzunguka jambo moja, na mzizi wake ndio uleule uliotupa *tawafu*, kule kuizunguka Kaaba. Anayesoma Sura ya al-Hujurat atakutana nalo pale panapotajwa makundi mawili ya waumini yanayopigana. Yanaitwa kwa neno hilo hilo, na hapakukusudiwa nchi mbili zenye mipaka na mawaziri. Lebanon mpaka leo neno hilo ni la madhehebu. Biblia ya Kiswahili nayo ililichukua kwa ajili ya watu wasio Wayahudi, "watu wa Mataifa", na Paulo anapoitwa mtume wa Mataifa tunaelewa bila kuelezwa kwamba alitumwa kwa watu, hakutumwa kwa serikali.

Dola nalo ni la Kiarabu, *dawla*, lenye asili ya kugeuka na kupokezana, kwa kuwa utawala hutoka mkono huu ukaingia mkono ule. Sisi tunalifahamu zaidi katika "vyombo vya dola", na mtu akisikia vyombo vya dola anajua hapo wanatajwa askari. Nchi ni letu wenyewe, la Kibantu, na maana yake ya kwanza ni ardhi, ndiyo maana tunasema nchi kavu.

Nchi ni ardhi, taifa ni watu, dola ni mamlaka. Mara nyingi vitatu hivyo hulala kitanda kimoja, ndipo tukazoea kuita kimoja kwa jina la kingine. Hata "Umoja wa Mataifa" umetuzidishia mkanganyiko, maana wanaokaa kwenye viti vyake ni madola. Mtoto anajifunza shuleni kwamba taifa ni kile chenye kiti New York, kisha anakua, anaiona Tahiti uwanjani, anachanganyikiwa. Simlaumu.

FIFA haihesabu madola, inahesabu vyama vya soka. Vyama vyake ni 211, wakati Umoja wa Mataifa una wanachama 193. Kati ya wale 11 wa Oceania, wenye kiti Umoja wa Mataifa ni saba tu. Waliobaki ni Kaledonia Mpya na Tahiti, zilizo chini ya Ufaransa. Samoa ya Marekani, ambayo jina lake limeshajieleza. Na Visiwa vya Cook, vinavyojitawala vikiwa na mkataba maalumu na New Zealand. Watu hupenda kutoa mfano wa Uskoti na Wales, nao ni mfano sahihi, ila una historia ya peke yake: vyama vinne vya Uingereza vilikutana kuunda bodi ya sheria za mpira mwaka 1886, FIFA yenyewe ikazaliwa 1904. Waliitangulia nyumba waliyoingia. Hata hivyo kuna jambo hapa linanifurahisha. Kapteni James Cook alipokiona kile kisiwa mwaka 1774 alikiita Kaledonia Mpya, na Kaledonia ni jina ambalo Warumi waliiita Uskoti. Taifa lisilo na dola yake likapewa jina la taifa jingine ambalo leo nalo halina dola yake, na yote mawili yana timu.

Tahiti nayo inahitaji neno. Tahiti ni kisiwa kimoja tu katika Polynesia ya Ufaransa, kikubwa kuliko vyote na chenye mji mkuu, Papeete, lakini timu ni ya visiwa vyote. Ni kama vile timu ya Zanzibar ingeitwa Unguja na vijana wa Pemba wakaivaa jezi hiyo. Vijana wa Tahiti walikuwa wa kwanza kutoka visiwa vya Pasifiki, ukiwaacha Australia na New Zealand, kufika Kombe la Dunia la chini ya miaka 20, nchini Misri mwaka 2009. Walifungwa mechi zote tatu na hawakupata bao hata moja. Njia ikawa imefunguka. Fiji walikwenda mwaka 2015 wakawafunga Honduras 3-0, na Vanuatu mwaka 2017 waliwasumbua Ujerumani mpaka dakika za mwisho, wakalala 3-2, mabao yao yote mawili yakifungwa na Bong Kalo.

Ila mechi ninayotaka uitazame kwa karibu ni ya Guwahati, India, tarehe 8 Oktoba 2017. Kombe la Dunia chini ya miaka 17, Ufaransa dhidi ya Kaledonia Mpya. Vijana 22 wanaingia uwanjani, na wote kisheria ni raia wa Ufaransa. Dola moja, pasipoti za rangi moja, timu za taifa mbili. Ilikwisha 7-1 kwa Ufaransa. Siku sita baadaye, Kolkata, Jekob Jeno akaisawazishia Kaledonia Mpya dhidi ya Japani, 1-1, na hiyo ikawa pointi yao ya kwanza katika Kombe la Dunia.

Utauliza, kama pasipoti ni moja, nani anaamua huyu achezee wapi? Kanuni za FIFA zinalijua jambo hili. Uraia unaomruhusu mtu kuchezea vyama zaidi ya kimoja hautoshi peke yake. Lazima awe amezaliwa katika eneo la chama hicho, au mzazi, babu au bibi yake awe amezaliwa huko, au awe ameishi huko muda uliowekwa. Mtoto wa Paris hawezi kuamka asubuhi akaichezea Tahiti kwa kuwa tu ni Mfaransa. Mtoto wa Kaledonia Mpya naye akitimiza masharti hayo anaweza kuichezea Ufaransa, na zamani aliichezea Christian Karembeu, mzaliwa wa kisiwa cha Lifou huko Kaledonia Mpya, akatwaa nayo Kombe la Dunia mwaka 1998. Wakati huo Kaledonia Mpya haikuwa hata mwanachama wa FIFA. Iliingia mwaka 2004.

Sasa Zanzibar, maana najua ndiko mazungumzo yanakoishia kila mara. Hapa napo maneno hayo matatu yameumiza watu. Mwaka 2008 waziri mkuu wa wakati ule alisema bungeni kwamba Zanzibar si nchi, zogo likawa kubwa, na mwaka 2010 Katiba ya Zanzibar ikarekebishwa na kuandikwa wazi kwamba Zanzibar ni miongoni mwa nchi mbili zinazounda Jamhuri ya Muungano. Nchi, ndiyo. Taifa katika ile maana ya watu wanaojijua kuwa wamoja, aliyewahi kuona Unguja na Pemba zikiwapokea Zanzibar Heroes, timu yao ya soka, hahitaji kuambiwa. Dola yenye kiti Umoja wa Mataifa, hapana, kiti ni cha Tanzania.

Machi 2017 CAF, shirikisho la soka la Afrika, iliipokea Zanzibar kama mwanachama kamili, na Julai mwaka huohuo ikaiondoa, kwa hoja kwamba nchi moja haiwezi kuwa na vyama viwili, na kwamba tafsiri ya nchi inatoka Umoja wa Afrika na Umoja wa Mataifa. Desemba, kwenye Chalenji ya CECAFA, kombe la timu za Afrika Mashariki na Kati, kule Kenya, Zanzibar ikaifunga Tanzania Bara 2-1 na kwenda hadi fainali, ikafungwa na Kenya kwa penalti. Tahiti, Kaledonia Mpya na Zanzibar zote si madola. Kilichozitenganisha ni kifungu kilichosomwa na aliyekisoma: katiba ya FIFA ina njia kwa chama cha eneo lisilo huru, kwa idhini ya chama cha nchi linayoitegemea, na CAF ilishika tafsiri ya nchi kama dola. Mtu anaweza kuona ni haki au si haki. Mimi naona Zanzibar ilistahili kubaki. Lakini tubishane juu ya kifungu, tusibishane kana kwamba Wazanzibari si taifa.

Niliomba simu pale kijiweni, nikarudisha matokeo nyuma siku chache. Kabla ya yale mabao 16, vijana haohao wa Kaledonia Mpya walikuwa wametoka 0-0 na Japani. Hakuna aliyekuwa ameliona hilo. Muuza kahawa akatazama, akanirudishia simu, akasema, "Sawa mwalimu, lakini si nchi huru." Kweli kabisa, kaka, si nchi huru, na watu wake wamepiga kura ya uhuru mara tatu, 2018, 2020 na 2021. Ukisema Kaledonia Mpya si dola nakuunga mkono. Ninachokuomba ni kuliondoa lile "kwa hiyo" uliloliweka baada yake.