Asteroidi ya karibu na Dunia: inavyoonekana, inavyofuatiliwa, na kwa nini asilimia ya kugonga hupanda kabla ya kushuka

Asteroidi, yaani mwamba unaolizunguka Jua, huitwa "ya karibu na Dunia" ikiwa njia yake huifikisha chini ya kilomita milioni 195 kutoka kwenye Jua. Sisi tuko kilomita milioni 150 hivi. Jina hilo linaeleza njia. Leo hii mwamba wenyewe unaweza kuwa ng'ambo ya Jua.

Kwenye picha ya darubini asteroidi ni nukta tu, kama nyota. Kinachoifichua ni mwendo. Darubini za mtandao wa ATLAS, zikiwemo za Hawaii, Chile na Sutherland, Afrika Kusini, hupiga picha nne za kipande kilekile cha anga katika muda wa saa moja hivi. Kompyuta huondoa kila kilichotulia, kisha hutafuta nukta inayosogea kwa mstari na kwa mwendo uleule. Picha mbili hazitoshi. Miale ya anga za juu hugonga kihisi cha kamera na kuacha alama, setilaiti hukatiza, na nyota kali huzaa mng'ao wa uongo. Alama mbili za namna hiyo hujipanga kirahisi, nne ni shida.

Saa, mahali na mng'ao wa kila nukta hutumwa Minor Planet Center, Massachusetts, Marekani, kituo kinachokusanya vipimo vya asteroidi, ambacho hutangaza ili darubini nyingine ziidake mapema. Vipimo vya saa moja haviwezi kutenganisha jiwe dogo lililo karibu na kubwa lililo mbali. Zikipita siku chache bila kipimo kipya, eneo la kulitafuta hupanuka na jiwe hupotea.

Tarehe 6 Oktoba 2008 darubini moja ya Arizona iliona 2008 TC3, jiwe la mita 4 hivi. Vipimo vilimiminika kwa mamia, mahali pa kuanguka pakajulikana, na siku iliyofuata likapasukia juu ya jangwa la Nubia, Sudan. Baadaye wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Khartoum walitembea jangwani wakiokota vipande.

Asilimia za kugonga ndizo huwachanganya wengi. 2024 YR4 iligunduliwa Chile tarehe 27 Desemba 2024. Kufikia katikati ya Februari 2025, uwezekano wa kugonga Dunia mwaka 2032 ulikuwa umepanda hadi takriban asilimia 3; siku chache baadaye ukaporomoka karibu na sifuri. Mwamba haukubadili njia. Makosa madogo ya vipimo, yakipelekwa mbele miaka minane, huwa ukanda mrefu wa mahali unapoweza kuwa siku hiyo, na Dunia huziba sehemu ndogo ya ukanda huo. Kila kipimo kipya huufupisha. Dunia ikiwa bado imo ndani, sehemu inayoziba huongezeka, na asilimia hupanda. Ncha ya ukanda ikishaivuka Dunia, zote huanguka kwa mkupuo.

Rada hufupisha ukanda haraka zaidi kwa sababu hupima umbali moja kwa moja. Machi 2021, rada ya Goldstone, California, ilisaidia kuondoa hofu ya kugongwa na asteroidi Apophis kwa miaka 100 ijayo.

Upande wa Jua bado ni giza kwa darubini za ardhini. Jiwe la mita 20 hivi lililopasuka juu ya Chelyabinsk, Urusi, tarehe 15 Februari 2013 lilitokea huko, na hakuna aliyeliona likija.