Madoa meusi ya Njia Nyeupe si matundu

Wengi huamini kwamba madoa meusi ndani ya Njia Nyeupe, ule ukanda wa nuru hafifu unaokatiza anga la usiku, ni sehemu tupu, zisizo na nyota. Kwa macho huonekana hivyo kweli. Lakini ni mawingu ya gesi ya haidrojeni na vumbi, yanayokinga mwanga wa nyota zilizo nyuma yake. Ni baridi mno, nyuzi 260 hivi chini ya sifuri, na humo ndimo nyota mpya huzaliwa! Makubwa kabisa huzidi uzito wa Jua mara 100,000.

Ukitaka kuhakikisha, linganisha picha mbili za eneo lilelile: ya mwanga wa kawaida na ya infraredi, mwanga usioonekana kwa macho, ambao hupenya vumbi. Palipokuwa giza hujitokeza nyota tele. Jioni ya Juni isiyo na mbalamwezi, litafute doa lililo kando ya kundinyota la Msalaba wa Kusini.